Kucheka na Kuchekana

Ndugu wasomaji, wengine huuliza kama yampasa Mkristo kukaa jioni mbele ya televisheni na kucheka. Sisi hatuoni dhambi katika kicheko chenyewe. Sara alicheka, na mwanawe akaitwa Isaka, jina lenye maana ya kicheko. Walakini vijana wa Betheli nao walimcheka Elisha kwa upara wake, na mwisho wao twaujua. Basi neno la kuulizwa ni hili: twamcheka nani, na kwa ruhusa ya nani?

Michezo hii si mipya kwetu. Unguja ilipata televisheni katika miaka ya 1970, na huku bara vituo vilianza mwaka 1994. Katika miaka ya 2000 watu wengi waliacha shughuli zao ilipofika saa ya Ze Comedy katika EATV, na kundi lile lilipohamia TBC1 kwa jina la Ze Orijino Komedi, watazamaji wakalifuata. Nasi watu wa mkoa wa Tanga tulikuwa na wetu, Amri Athumani, aliyejulikana kwa jina la King Majuto. Mara nyingi alijifanya mzee mwenye tamaa, aliyenaswa na ujanja wake mwenyewe. Tulimcheka yeye, kisha kila mmoja akajiona.

Tulikuwa tukifundisha katika kijiji kimoja cha Handeni. Asubuhi moja mtoto alisimama mbele ya darasa, akaiga mchezo alioutazama usiku, wa mzee wa shamba mwenye kigugumizi. Wenzake wakacheka. Alipoona wamefurahi, akamwiga jirani wa shule, Mzigua mmoja mzee, mwenye kigugumizi kweli. Nasi, tuliopaswa kumkanya, tukacheka. Tulipogeuka, mzee yule alikuwa mlangoni, na gunia la mahindi ya shule begani. Akalitua polepole, akaenda zake.

Jioni tulikwenda kwake. Tulibisha hodi mara tatu ndipo akaitika.

“Shikamoo, babu. Tumekuja kuomba radhi.”

“Marahaba, mwalimu. Kaa.” Akanyamaza kitambo, kisha akasema: “Ujanani nilikata mkonge Korogwe pamoja na Wanyamwezi, watani wetu. Walikicheka kigugumizi changu kila siku, nami niliwacheka yao. Alipokufa mke wangu, mtani ndiye aliyeshika jembe la kaburi, naye akatuchekesha pale pale msibani hata nikaweza kula. Anichekaye hivyo ni ndugu yangu. Lakini mtoto yule sina utani naye, wala wewe.”

Maneno hayo yalituchoma, maana yalikuwa kweli. Utani una sheria mbili: achekwaye aweza kujibu, na achekaye ana kazi siku ya kilio. Mchekeshaji wa televisheni hamjui mzee wa Handeni, wala mzee hawezi kumjibu. Kosa si lake peke yake. Sisi ndio tunaokichukua kicheko chake na kumtupia mtu aliye karibu nasi.

Hata wachekeshaji wenyewe twawadai kicheko kama kwamba hawana mwili. King Majuto alipougua alipelekwa India kutibiwa, na tarehe 8 Agosti 2018 akafariki katika hospitali ya Muhimbili, akazikwa kwao Tanga. Siku ile walilia watu wengi ambao hawakupata kumshika mkono. Tulifikiri moyoni: hao nao walikuwa watani wake, na machozi yale ni sehemu ya deni.

Siku ya pili tulimchukua mtoto yule, tukaenda kumpalilia mzee shamba lake. Alitutazama kitambo, kisha akaanza kucheka hata akashika mbavu. “Mwalimu,” akasema, “jembe si chaki! Umepalilia mahindi, magugu umeyaacha!” Hatukujibu kitu, ila tulifurahi sana, kwa kuwa tulijua tumesamehewa.

Basi, ndugu, tazameni, mcheke, na watoto wenu wacheke. Lakini kabla ya kumcheka jirani, kila mtu na ajiulize: je, nitamruhusu anicheke nami? Na siku ya msiba wake, nitashika jembe?