Bibi wa Nanyamba

Kutoka Mtwara mjini mpaka Nanyamba ni mikorosho tu, kulia na kushoto. Jioni tulikaribishwa kwa bibi mmoja wa kanisani, mwenye zaidi ya miaka 80. Alimenya mihogo huku akizungumza.

Kwao ni Mueda, Msumbiji. Tarehe 16 Juni 1960 askari wa Wareno waliwapiga risasi watu waliokusanyika pale. Vita ikaanza Septemba 1964. Maelfu ya Wamakonde walivuka mto Ruvuma kuja kwetu, na wengine walipelekwa makazi ya Rutamba, Lindi. Bibi alivuka usiku kwa mtumbwi, mtoto kifuani, titi mdomoni ili asilie. Mkubwa wake alikuwa amekufa kwa homa njiani, wakamzika porini. Mahali hapakumbuki.

Wajukuu waliacha kucheza. Hawakuwahi kusikia habari hizo.

"Hamkuniuliza," alisema bibi.

Mama msomaji, tuliikumbuka Tengeru, Arusha. Wapolandi walioletwa huko mwaka 1942, baada ya mateso ya Siberia, wana makaburi yenye majina mpaka leo. Mtoto wa bibi hana.

Mjukuu mmoja alileta daftari la shule. Bibi hajui kuandika. Alilitaja jina la marehemu polepole, mara tatu.