Ungo Hauli Dizeli

Mtu wa Kigoma akijitambulisha popote Tanzania, utani unakuja wenyewe: "Ninyi nauli ya nini na ungo mnao?" Nimeshauzoea. Sikutarajia kuukuta Burundi, tena ukisemwa kwa tamaa kidogo.

Tulivuka mpaka pale Manyovu, tukagongewa mihuri Mugina, tukapanda Probox hadi Mabanda. Hapo dereva akazima gari akamtuma kijana na dumu tupu. Uhaba wa mafuta umeisumbua Burundi kwa miaka kadhaa sasa. Magari hukesha kwenye foleni za vituo, na lita inayopatikana uchochoroni ina bei ya uchochoroni. Abiria tukashuka, tukajibanza kivulini. Kati yetu alikuwapo mzee mwenye kofia ya kufuma, mzaliwa wa Rumonge, aliyekimbilia Tanzania katika mauaji ya mwaka 1972 akiwa mtoto na kurudi nyumbani akiwa na wajukuu. Aliposikia natokea Kigoma alicheka mpaka akashika mbavu. "Mwanangu, ungekuja na ule ungo wa kwenu tukapanda sote. Ule hauli dizeli."

Basi tukaujadili ungo, maana dumu lilichelewa. Waliosikia hadithi za wachawi utotoni wanajua sifa zake. Ni ungo wa kupepetea mchele, hauna injini wala usukani. Unambeba mtu mzima aliye uchi, pengine na mzigo wake, unavuka naye Ziwa Tanganyika hadi Kalemie, upande wa Congo, na kumrudisha kabla ya adhana ya alfajiri. Kasoro yake ni moja: abiria akitaja jina la Mungu njiani, anaanguka. Ndiyo maana kila baada ya muda utasikia kuna bibi kakutwa asubuhi juu ya paa la mtu.

"Na nguvu yake inatoka wapi?" nikauliza.

Mzee akaniangalia kama mwanafunzi aliyeruka darasa. "Kwa misukule, si unajua."

Nilijua. Msukule ni mtu aliyezikwa na ndugu zake wakamlilia, kumbe kachukuliwa, analima usiku mashamba ya tajiri bila mshahara wala sauti, na chakula chake ni pumba. Nimesoma riwaya za kizungu zenye mashine za kuhamisha vitu kwa kufumba na kufumbua, na aghalabu mwandishi hataji gharama ya umeme. Wasimulizi wetu walikuwa makini zaidi kwenye hesabu. Walijua mzigo hausogei bure; pakionekana chombo kinachokwenda bila mafuta, walitafuta nani analiwa. Tatizo langu ni pale wanapomtafuta anayemla. Usukumani vikongwe wameuawa kwa mapanga wakituhumiwa uchawi, kwa sababu tu macho yao ni mekundu.

Dumu likaja. Kutoka Mabanda barabara inateremka kwa kona nyingi hadi ziwa litokeze chini, maji yenye kina cha karibu mita 1,470 mahali penye kina zaidi, ng'ambo kukiwa na milima ya Congo. Baada ya Nyanza-Lac ni michikichi, michikichi, na baiskeli zilizopakiwa madumu ya njano kiasi kwamba mwenyewe hapandi, anasukuma. Rumonge ilinipokea kwa Kiswahili kuanzia stendi mpaka msikitini. Ufukweni ziwa lililojaa limezimeza baadhi ya nyumba, ukuta unaoga na mlango haupo. Mitumbwi ya dagaa ilikuwa imepaki, taa zake zikiwa juani. Sikukaa sana, nilikuwa nimeahidiwa kuoneshwa mawese.

Kinu chenyewe kipo nyuma ya nyumba, chini ya bati. Matunda ya michikichi yanachemshwa kwenye pipa mpaka yalainike, kisha yanamiminwa moto ndani ya silinda ya chuma iliyosimamishwa, yenye mhimili wa vyuma katikati. Juu ya mhimili umefungwa mti mrefu, na vijana wanausukuma wakizunguka, mmoja huku, mwingine kule. Ardhi wanayoikanyaga imechimbika mduara unaofika vifundoni, mweusi kwa mafuta. Uji mwekundu unatoka chini, unachemshwa tena, mafuta yanaelea, yanaenguliwa. Kokwa zinawekwa kando; sisi Kigoma tunaziita mise, nazo zina mafuta yake ya sabuni. Makapi hayatupwi. Yanaanikwa, yanarudishwa chini ya pipa kuchemshia matunda yanayofuata. Mashine inajilisha yenyewe! Ila makapi yenye mafuta yana moshi mzito, unaokaa chini ya bati hauondoki.

Ndani ya moshi huo alikuwa mama mwenye kinu, akikoroga kwa mti. Nilipomsalimia "Shikamoo mama" aligeuka, na macho yake yalikuwa mekundu kabisa, yanachuruzika. Mabinti zake wawili waliokuwa wakichochea nao hivyo hivyo. Nikaelewa vikongwe wa Usukumani walikopata yale macho, kwa miaka yote ya kuinama kwenye mafiga, na nikaona aibu kwamba saa chache nyuma nilikuwa nacheka.

Kinu cha injini anacho pia, kimefunikwa turubai. Dizeli ikikosekana vijana wanalipwa kwa pipa. Nikamkumbusha kuhusu mitambo ya umeme wa maji ya Jiji na Mulembwe, mito inayoporomoka kutoka milima ya huko huko kusini: megawati 32.5 kwa mmoja na 17 kwa mwingine, mradi ambao Benki ya Dunia iliuidhinishia fedha mwaka 2014.

"Umeme utazungusha hiki," akasema, akionesha silinda. "Hili pipa je? Nichemshe matunda pipa zima kwa umeme, bili nani atalipa, wewe?"

Akaniuliza kama Kigoma wameshapata namna nyingine. Nikamwambia mji wetu wenyewe uliishi miaka mingi kwa jenereta za dizeli kabla gridi ya taifa haijaufikia, na wakamua mawese ninaowafahamu bado wanachochea makapi. Alichotaka yeye ni bomba la kutolea moshi nje, na fundi wa kuchomelea alishampa bei. Tukaanza kupiga hesabu ya faranga, madumu mangapi yauzwe, na soko la Bujumbura likoje mwezi huu.