Mashine Mpya, Akaunti ya Nani?

PlayStation 2 iliyofika Nyamilangano, Ushetu, haikumuuliza mtu jina. Haikutaka barua pepe, paswedi wala kadi ya benki. Ilitaka umeme, televisheni na sidii, basi. Umeme ulitoka kwenye jenereta iliyonguruma nyuma ya banda la video, televisheni ilikuwa ya chogo, na sidii zilinunuliwa Kahama mjini zikiwa zimeandikwa kwa maka peni: PES 6, San Andreas, Mortal Kombat.

Mechi moja Sh200. Aliyefungwa anampisha anayefuata kwenye benchi. Aliyeshinda anabaki na pedi yake mpaka apatikane wa kumng'oa. Mwandishi wa makala haya alikuwa miongoni mwa watoto waliobanana kwenye benchi lile, wengine wakiwa bado na sare za shule, na anakumbuka kwamba kitu kilichotunzwa kuliko vyote hakikuwa mashine. Ilikuwa memori kadi. Mwenye banda alitembea nayo kwenye mfuko wa shati, kadi ya MB 8 tu, kwa sababu ndani yake zilikaa timu za wateja wake wa kudumu: ligi zilizochezwa usiku kwa usiku, wachezaji walionunuliwa, makombe. Hayo yote yangeweza kupotea kwa mtoto mmoja kuichomoa kadi kabla ya wakati, na aliyethubutu kuigusa alitolewa nje bila kurudishiwa hela yake.

Ushetu ni nchi ya tumbaku. Halmashauri yake ilimegwa kutoka Kahama mwaka 2012, makao makuu yakawekwa Nyamilangano, lakini biashara kubwa ilibaki Kahama, mji unaoishi kwa migodi na kwa malori yaendayo Rwanda na Burundi. Malipo ya tumbaku yalipotoka, wapo walionunua bati, wapo walionunua pikipiki, na mmoja mmoja alinunua mashine ya gemu na kufungua banda. PS2 ilitoka Japani mwezi Machi 2000 na imeuzwa zaidi ya nakala milioni 155 duniani. Nyingi zilizofika vijijini zilikuwa zimewekewa chipu ili zisome sidii za kudurufu. Uharamia, ndiyo. Ila kwa miaka mingi hapakuwa na duka la sidii halisi ambalo mtoto wa Ushetu angeweza kulifikia, hata angekuwa na hela.

Pigo la kwanza la kuhama mashine lilikuja na PS3. Sony iliitoa mwaka 2006, na zile za awali za GB 60 ziliweza kucheza sidii za PS2. Kisha kampuni ikakiondoa kipengele hicho katika matoleo yaliyofuata ili kupunguza gharama, na hayo matoleo yaliyofuata ndiyo yaliyofika kwetu, yakiwa yameshatumika Dubai na Dar es Salaam. Mwenye banda alirudi na PS3 kutoka mjini, akaingiza San Andreas yake ya zamani, mashine ikaitema. Rundo lote la sidii likawa mapambo ya ukutani. Memori kadi nayo haikuwa na pa kuchomekwa. Kwa muda banda lilikuwa na mashine mbili, ya zamani kwa wapenzi wa San Andreas na mpya kwa wapenzi wa FIFA, mpaka ile ya zamani ikafa lenzi.

Kwa hiyo wanaolalamika leo kwamba gemu za kulipia kwa mwezi zimeua umiliki wasisahau kwamba sidii nazo hazikuhama. Ulimiliki, lakini ulichomiliki kilikufa pamoja na mashine yake.

PlayStation Plus, huduma ya Sony ya kulipia, ilianza Juni 2010 enzi hizo hizo za PS3. Bandani hakuna aliyeisikia, na haikuwa lazima kuisikia: kucheza mtandaoni kwenye PS3 kulikuwa bure, na intaneti yenyewe haikuwepo. Mambo yaligeuka na PS4, iliyotoka Novemba 2013. Hapo Sony iliamua kwamba anayetaka kucheza na mtu wa mbali katika gemu nyingi lazima awe amelipia Plus, na kila mwezi anayelipia anapewa gemu kadhaa za kuongeza kwenye maktaba yake.

Vijana wa migodini ndio walioitambulisha PS4 kwa Ushetu. Walikuwa na mshahara wa kila mwezi kutoka Bulyanhulu, Buzwagi au Geita, walipanga vyumba vyenye umeme wa uhakika, na walirudi nyumbani likizo na mashine kwenye begi. Namna ya kuwaeleza wazee hiyo Plus ilipatikana kirahisi, kwa sababu kila nyumba yenye televisheni ilishazoea king'amuzi: unalipia kifurushi, chaneli zinafunguka, kikiisha, zinafunga, na ukilipa tena zinarudi zote. Gemu za Plus ndivyo zilivyo. Ulizoziweka kwenye maktaba unaendelea kuzicheza maadamu unalipa. Ukiacha, jina la gemu linabaki kwenye skrini likiwa na alama ya kufuli. Ukirudi hata baada ya mwaka, unazikuta.

Na enzi hizo za PS4 ndipo Mbwana Samatta alipoonekana kwenye FIFA 20 akiwa na jezi ya Aston Villa, baada ya kusajiliwa Januari 2020 na kuwa Mtanzania wa kwanza kucheza Ligi Kuu ya England. Villa haikuwa timu ya mtu yeyote kule bandani. Ghafla ikagombewa na kila mtu. Banda lililokuwa na sidii ya PES tu lilipoteza wateja msimu ule.

Ila kuna jambo moja ambalo king'amuzi hakina. Kifurushi cha king'amuzi unakilipia Tanzania kwa simu yako, kwa jina lako. Mtandao wa PlayStation hauitambui Tanzania. Jambo hilo dunia nzima ililiona Mei 2024, Sony ilipotaka wachezaji wa Helldivers 2 kwenye kompyuta waunganishe akaunti za PlayStation. Kelele zilipozuka, gemu hiyo iliondolewa sokoni kwenye duka la Steam katika nchi na maeneo 177 ambayo mtandao huo hauyatambui. Kwa Mmarekani ilikuwa habari mpya. Kwa kijana wa Kahama, Kenya au Uganda ilikuwa habari ya kila siku: ukifungua akaunti, kwenye orodha ya nchi huioni yako, unachagua ya mwingine. Afrika Kusini imo. Uingereza na Marekani zimo. Oman na Falme za Kiarabu zimo, na wenye ndugu Muscat au Dubai wana bahati, maana ndugu anaweza kununua vocha ya duka la nchi ile na kutuma namba zake kwa WhatsApp. Wengine hununua vocha hizo kwa mawakala mjini, kwa bei ya juu kidogo.

Nchi ukishaichagua hubadilishi. Vocha ya Marekani haiingii kwenye akaunti ya Uingereza. Sidii ya Ulaya inacheza popote, lakini nyongeza zake ulizonunua kwa akaunti ya Marekani huenda zisiitambue. Mtu aliyechagua nchi kwa kubahatisha, siku ya haraka, ataishi na chaguo hilo mpaka mwisho wa akaunti.

Basi ikaja PS5, Novemba 2020, na kwa mara ya kwanza kuhama mashine kukawa rahisi kuliko kuhama nyumba. Mashine mpya inacheza karibu gemu zote za PS4. Sony ilisema ni zaidi ya asilimia 99 ya zaidi ya 4,000. Anayelipia Plus anaingia na akaunti yake ile ile na maktaba yote inamsubiri. Kama bando ni tatizo, na Ushetu bando ni tatizo, maana gemu moja la mpira linaweza kula GB 50 au zaidi, anachomoa hadi diski ya nje kwenye PS4 na kuichomeka kwenye PS5, gemu za PS4 zinacheza hapo hapo. Kumbukumbu za gemu za PS4 zinabebeka kwa flashi. Akaunti moja inaruhusiwa kuwa nyumbani, yaani kumfungulia gemu zake kila anayetumia mashine, kwenye PS4 moja na PS5 moja kwa wakati mmoja, kwa hiyo mdogo mtu anaweza kubaki na ile ya zamani bila kukosa kitu.

Panapokwama ni pale gemu moja lina matoleo mawili. Aliyehama na FIFA 21 kutoka PS4 kwenda PS5 alikuta timu yake ya Ultimate Team ipo, lakini Career Mode aliyoijenga misimu kadhaa haikuvuka. Waliopata Final Fantasy VII Remake kupitia Plus mwezi Machi 2021 waliambiwa kwanza kwamba toleo la PS5 ni bure kwa walionunua tu, wao hawamo. Walifunguliwa mlango Desemba mwaka huo. Tena kulikuwa na PlayStation Plus Collection, kapu la gemu takriban 20 nzuri za PS4 walilopewa wenye Plus walioingia na PS5. Lilifungwa tarehe 9 Mei 2023. Waliobonyeza kitufe cha kuziongeza kwenye maktaba wanazo hadi leo wakiwa wanalipa. Wasiobonyeza hawakupewa siku ya ziada.

Hayo yote ni ya kampuni na mashine zake, na mtu akisoma taratibu anayamudu. Kilichowaumiza wengi wa upande wetu ni kingine. Mwenye banda yule yule wa memori kadi alinunua PS4 iliyotumika kwa muuzaji mmoja mjini, ikiwa na akaunti yenye gemu lukuki. Alifurahi, na nani asingefurahi? Gemu zile zilimlisha. Alipopata PS5 alimpigia muuzaji kuomba paswedi ili ahame na maktaba yake. Muuzaji alizungusha maneno, baadaye simu haikupokelewa. Akaunti ile, ilikuja kujulikana, iliuzwa kwa watu wengi, kila mmoja akiamini ni yake, na barua pepe ya kuirejesha haikuwa ya yeyote kati yao. PS5 ilikuwa mezani, mpya, tupu.

Aliamua kurudi kwenye sidii, na kwa mwenye banda huo ni uamuzi wenye akili. Masharti ya usajili ni ya matumizi binafsi, si ya biashara. Sidii haiishi muda. Sidii ya FIFA 22 bado inacheza, ilhali Septemba 2023, EA ilipoachana na jina la FIFA na kuleta EA Sports FC 24, FIFA za nyuma ziliondolewa kwenye maduka ya mtandaoni na huwezi tena kuzinunua huko. Ila anayenunua PS5 atazame vizuri tundu la sidii: kuna toleo la kidijitali lisilo nalo, na PS5 Pro ya Novemba 2024 inauzwa bila tundu hilo. Sidii zako za PS4 kwa mashine hizo ni kama zile za San Andreas ukutani, mpaka ununue kisomeo chake pembeni, kwa zile zinazokikubali.

Kuhusu bei, hakuna la kuficha. Septemba 2023 daraja la chini la Plus, Essential, lilipanda kutoka dola 59.99 hadi 79.99 kwa mwaka, takriban Sh200,000 kwa thamani ya wakati ule, na daraja linalofuata, Extra, likafika dola 134.99. Mzazi wa Nyamilangano anayaona hayo ni mapesa ya mbolea. Ndiyo maana watoto wa leo wengi hawamo kwenye hesabu hizi kabisa. Wanacheza eFootball kwenye simu, ile iliyokuwa PES kabla ya Konami kuibadilisha jina na kuifanya ya bure mwaka 2021. Hata kwenye PS4 na PS5 gemu hiyo inachezwa mtandaoni bila Plus, sawa na Fortnite. Kijana anayetaka mpira tu na mwenzake wa Geita hana sababu ya kulipia chochote, na wauzaji wa vocha hawatamwambia hivyo.

Kwa anayelipia na anajiandaa kuhama, kazi ianze kabla ya kuuza PS4. Fungua akaunti kwa barua pepe yako na namba ya simu unayoishika mwenyewe, washa uthibitisho wa hatua mbili, chagua nchi ambayo vocha zake unazipata kwa uhakika. Kila mwezi ingia kwa simu na uongeze kwenye maktaba gemu zilizotolewa, zikiwemo za PS5 hata kama mashine yenyewe huna bado, mfumo unaruhusu. Sony ilitangaza kwamba kuanzia Januari 2026 gemu za PS4 si sehemu kuu tena ya zawadi za kila mwezi, ingawa ulizokwisha kuchukua zinabaki. Na PS4 ukimuuzia mtu, muuzie mashine, akaunti ibaki kwako.