Jiandae, lakini kwanza ujue unajiandalia dunia ipi

Leo tuweke kando hifadhidata na seva, tuongee gemu. Najua wapo watakaoguna: mtu mzima na shahada yake ya kompyuta anatuletea habari za gemu? Vumilieni kidogo. Nitakayoyasema yanahusu fomula, na fomula ndizo zinazonilipia kodi ya nyumba.

Binamu yangu alimaliza KCSE na sasa yuko kwangu hapa Kiamunyi akingoja kuingia chuo. Nimemwachia laptopu yangu ya zamani, na ndani yake kuna The Elder Scrolls IV: Oblivion, ile ya mwaka 2006. Mbona ya zamani hivyo? Kwa sababu ile iliyofanywa upya, iliyotoka Aprili 2025, inadai RAM ya GB 16 na nafasi ya GB 125 kwenye diski. Ya 2006 iliridhika na RAM ya MB 512 na prosesa ya GHz 2. Kwa mashine tuliyo nayo, hapo hakuna mjadala.

Kwa wasioijua: ni gemu ya dunia wazi. Unaanza ukiwa mfungwa, mfalme anapita ndani ya seli yako akiwakimbia wauaji, unamfuata hadi kwenye mifereji ya maji machafu, na ukitoka nje unaachiwa nchi nzima. Misitu, miji, mapango, magofu. Hakuna anayekuharakisha. Unaambiwa upeleke hirizi ya mfalme kwa mtu fulani, lakini ukitaka kuokota maua kwa miezi mitatu, okota.

Binamu yangu ni kijana makini. Alisema hawezi kwenda vitani bila kujiandaa. Akaokota maua. Akafungua makufuli, akauza, akanunua, akabembeleza watu, akaogelea, akarukaruka kila mahali kama swala. Baada ya saa kama thelathini alikuwa amefika ngazi ya 16, na ndipo akaenda Kvatch, mji ambao lango la kuzimu limefunguka mbele yake na wewe unatakiwa uingie ukalifunge.

Alikufa. Akarudia, akafa. Mara ya tisa au kumi akaniita: "Brathe, hii gemu imenichukia. Nimejiandaa mwezi mzima na nakufa kama mtu aliyeanza jana."

Nilimjibu kwamba aliyeanza jana asingekufa. Alidhani namkejeli, lakini huo ndio ukweli wa Oblivion, na ndio ulionifanya niandike leo.

Dunia tatu, fomula tatu

Tuchukue gemu tatu za mfululizo huohuo, zote za kampuni ya Bethesda.

Ya kwanza ni Morrowind, ya 2002. Unashuka melini kwenye kijiji cha Seyda Neen bila kitu mkononi. Unampiga kaa wa matopeni kwa upanga, na upanga unampitia tu kama upepo, kwa sababu nyuma ya pazia kompyuta inarusha dete: ujuzi wako ni kiasi gani, uchovu wako ni kiasi gani, umempata au umemkosa. Lakini sehemu kubwa ya dunia hiyo haikujali wewe ni nani. Pango lenye mchawi hatari lina mchawi hatari, uje leo au uje mwaka kesho. Kwa hiyo kujiandaa kunalipa moja kwa moja. Hata Caius Cosades, mkuu wako katika mji wa Balmora, anakupa vipande 200 vya dhahabu na kukushauri ukapate uzoefu kwanza. Ukimsikiliza, ukarudi na nguvu, yule aliyekutisha juzi atakuwa palepale, vilevile, na utamshinda.

Ya pili ni Oblivion. Hapa maadui wengi wanapimwa kwa ngazi yako. Ukiwa ngazi ya 2, nyuma ya lango la Kvatch unakutana na scamp, vijishetani dhaifu unavyoweza kuvimaliza kwa upanga wa chuma cha kawaida. Ukija umekwea ngazi nyingi, unakutana na daedroth, jitu lenye kichwa cha mamba. Jambazi wa barabarani anayekudai vipande 100 vya dhahabu ataanza akiwa na mavazi duni, na baadaye utamkuta amevaa deraya ya glasi yenye thamani kubwa kuliko nyumba, huku bado anakuomba vipande vyake 100. Dunia nzima inapanda ngazi pamoja nawe.

Ya tatu ni Skyrim, ya Novemba 2011, ambayo ilijaribu kukaa katikati. Maeneo mengi yana kiwango cha chini na cha juu, na ugumu wa mahali unafungwa siku unapoingia mara ya kwanza. Tena watengenezaji walikuwa wanatuangalia. Watu walikaa kwa mhunzi wakifua visu vya chuma mamia kwa mamia ili ujuzi wa uhunzi upande. Mwaka 2012 toleo la 1.5 likaja, na tangu hapo ujuzi unaopata unategemea thamani ya kitu unachofua. Kisu cha bei rahisi, elimu ya bei rahisi. Kama mtu anayeandika programu, niliwavulia kofia.

Sasa tazama: neno ni lilelile, kujiandaa, lakini katika kila dunia lina maana nyingine. Katika Morrowind ni kuongeza nguvu kabla ya kwenda. Katika Oblivion ni kuchagua unapanda na nini.

Kilichomuua binamu

Nilichukua karatasi tukapiga hesabu. Oblivion ina ujuzi 21. Mwanzoni unachagua 7 uwe ujuzi mkuu. Kila ujuzi mkuu ukipanda mara 10 kwa jumla, na ukilala, unapanda ngazi moja. Binamu alikuwa amechagua kukimbia, kuruka, kunyata, kufungua makufuli, biashara, maneno matamu, na kuchanganya dawa. Haya yote ni mambo ya kusafiri na kuishi. Hakuna hata moja la kupigana!

Kwa hiyo kila alipokimbia kwenda mjini, alipanda. Kila aliporuka ua, alipanda. Mashetani nao wakapanda, kwa sababu mashetani wanaangalia namba ya ngazi tu, hawaulizi umeipata vipi. Huku nyuma ujuzi wake wa upanga ulikuwa karibu palepale alipouacha gerezani.

Kuna la pili, na hili limefichika zaidi. Ukipanda ngazi unachagua sifa tatu za kuongeza: nguvu, kasi, akili na kadhalika. Nyongeza inategemea ulichofanya tangu ngazi iliyopita. Kama ujuzi unaohusiana na sifa hiyo haukupanda hata mara moja, unapata 1. Ukipanda mara 1 hadi 4, unapata 2. Mara 5 hadi 7, unapata 3. Mara 8 au 9, unapata 4. Mara 10 au zaidi, unapata 5. Ili upate 5 tatu kwa ngazi moja unahitaji ujuzi upande mara 30, na kumi tu kati ya hizo ndizo zinazokusogeza kwenye ngazi mpya. Yaani mara 20 zitoke kwenye ujuzi usio mkuu. Nani angejua hilo bila kuambiwa?

Sifa inayouma zaidi ni Endurance, yaani ustahimilivu. Kila ngazi unaongezewa afya sawa na sehemu ya kumi ya ustahimilivu ulio nao wakati huo, na ngazi zilizopita hazihesabiwi upya. Chukua watu wawili wanaoanza na 40. Mmoja anaongeza 5 kila ngazi, mwingine haugusi. Baada ya kupanda ngazi kumi, ukitupa desimali, wa kwanza amekusanya afya 65 kwa njia hiyo, wa pili 40. Wa pili akigutuka ngazi ya kumi na moja, zile 25 hazipo tena. Na ustahimilivu unapandishwa na nini? Kukinga kwa ngao, kuvaa deraya nzito, na kukarabati silaha. Binamu hakuwa amefanya hata kimoja. Nani anabeba deraya nzito akiokota maua?

Alinyamaza kitambo. Kisha akauliza kama afute kila kitu aanze upya.

Dawa ilikuwa mfukoni

Nilimwambia asifute. Kuna kitelezi cha ugumu kwenye mipangilio ambacho angeweza kukishusha, naye akakikataa kwa heshima yake ya ujana, sawa. Lakini saa thelathini hazikuwa bure. Ujuzi wake wa kuchanganya dawa ulikuwa juu, na sumu katika Oblivion haijali mkono wako. Mshale unaorushwa na mtu asiyejua upinde hauumizi sana, lakini sumu iliyopakwa juu yake inauma kwa kadiri ya aliyeichanganya.

Na kuna jambo ninalolipenda kuliko yote. Ndani ya kuzimu yenyewe kunaota mimea miwili, harrada na spiddal. Yote miwili ina athari ya kudhuru afya, na kinu cha kusagia unatembea nacho. Kwa hiyo alichohitaji kumshinda yule mamba kilikuwa kimeota nyuma ya lango. Aliingia, akajificha, akachuma, akasaga palepale, akapaka mishale. Jioni mbili zilipita (ya pili stima ilikatika, mvua ikitokea upande wa Menengai, akapoteza nusu saa), lakini lango lilifungwa. Nilisikia kelele nikiwa jikoni.

Kwa nini naandika haya

Juma hilohilo mwenye agroveti hapa barabarani alikuwa amemuuliza binamu kama anaweza kumtengenezea orodha ya bidhaa kwenye kompyuta, na labda ukurasa mdogo wenye bei. Jibu lake lilikuwa: "Bado najiandaa." Kuna kozi ya mtandaoni alikuwa hajaimaliza, na laptopu bora alikuwa anaingojea.

Unaona tunakoelekea.

Kuna mambo yaliyojengwa kama Morrowind. Mtihani wa kitaifa haukui kwa sababu umechelewa kuusomea; ukijiandaa zaidi unaukuta vilevile. Lakini kazi ya kwanza iko kama lango la Kvatch. Leo ukiwa na miaka kumi na minane mwenye agroveti anakudai vijishetani: orodha isome, bei zionekane, jina la dawa ya kupe liandikwe sawasawa. Ukikosea atacheka, utarekebisha. Subiri miaka sita, upate shahada, upate laptopu, kisha umwendee mteja wako wa kwanza. Huyo hatakuwa na vijishetani. Atakuwa na mkataba, tarehe ya mwisho, na matarajio ya kumlipa mtu mwenye shahada. Na wewe mkono wako wa upanga bado uko ngazi ya gerezani.

Nilimwambia hivyo, kwa maneno machache kuliko haya. Alikwenda Jumatano. Orodha ina mistari zaidi ya mia mbili sasa, na amegundua mwenyewe kwamba mtu mmoja anaweza kuandika jina la mbolea moja kwa njia nne. Hilo hakuna kozi iliyomfundisha.

Ukianza Oblivion ya 2006 leo

Kwa ufupi, ushauri wangu. Mlangoni pa kutokea kwenye mifereji, hifadhi mchezo kwenye nafasi yake ya pekee. Hapo ndipo unaruhusiwa mara ya mwisho kubadili kabila, nyota na aina ya mhusika. Usiweke kukimbia na kuruka kwenye ujuzi mkuu. Ongeza ustahimilivu mapema. Beba nyundo za kukarabati na kinu. Kisha nenda Kvatch ukiwa bado mdogo. Maua yatakungoja.

Walioifanya upya 2025 walibadilisha hesabu hii: sasa ujuzi wote unakusogeza, na kila ngazi unapewa pointi 12 za kugawa kwenye sifa utakazo. Karatasi na kalamu hazihitajiki tena. Ni haki, ingawa mimi na binamu tutaikumbuka ile karatasi.

Haya, nirudi kwenye hifadhidata. Wiki ijayo naendelea na mada yetu ya nakala rudufu. Mbaki salama.