Mvumo wa Ejo

Mwalimu wa lugha huzoea kusahihisha. Hushika kalamu nyekundu akaamini kwamba kosa ni kosa, na kwamba kazi yake ni kuliondoa. Katika makala haya nakusudia kuwasimulia walimu wenzangu kosa moja nililolisahihisha mjini Gisenyi, ambalo hata leo sina hakika kama lilikuwa la mwanafunzi peke yake.

Mimi ni mwenyeji wa Tanga. Nilipoingia Rwanda kwa njia ya Rusumo, jambo la kwanza nililoagizwa ni kuirudisha nyuma saa yangu ya mkononi kwa muda wa saa nzima. Hiyo ilikuwa mwaka 2018, mwaka mmoja baada ya Bunge la Rwanda kukifanya Kiswahili lugha rasmi. Gisenyi, mji ulio ufukoni mwa Ziwa Kivu, umegusana na Goma ya Kongo, na Kiswahili huvuka mpaka huo kila asubuhi pamoja na vikapu vya nyanya na samaki wadogo waitwao sambaza. Jioni nilikuwa nikifundisha watu wazima, wengi wao akina mama wafanya biashara. Kiswahili cha sokoni walikuwa nacho tayari. Walitaka kujua kukiandika.

Nilifurahi kuona kwamba Kinyarwanda kimekopa saa zake kwetu: saa moya, saa mbiri, saa tatu, nazo huhesabiwa kama tuhesabuvyo sisi, tangu jua kuchomoza. Lakini siku hakikuzikopa. Neno ejo humaanisha jana, na humaanisha kesho pia. Ejobundi ni juzi, tena ni kesho kutwa. Kitenzi ndicho kiamuacho: nagiye ejo, nilikwenda jana, nzagenda ejo, nitakwenda kesho. Wala jambo hili si la Wanyarwanda peke yao, kwani lobi ya Kilingala na kal ya Kihindi hufanya kazi hiyohiyo. Kwa hiyo haikuwa ajabu wanafunzi wangu kuchanganya jana na kesho. Nilisahihisha, wakacheka, tukaendelea.

Jumamosi tarehe 22 Mei 2021, yapata saa moja ya usiku, anga la kaskazini liligeuka jekundu. Mlima Nyiragongo, ulioko upande wa Kongo, ulikuwa umepasuka ubavuni. Ziwa la moto lililokuwa likichemka katika shimo la kilele chake lilitoweka, na mawe yaliyoyeyuka yakateremka mpaka vitongoji vya Goma. Watu wakamiminika Gisenyi na magodoro vichwani, kama walivyomiminika Januari 2002, moto wa mlima huohuo ulipopita katikati ya Goma hadi ziwani. Kulipokucha, moto ulikuwa umesimama. Tukadhani yamekwisha.

Ndipo ulipoanza mvumo. Wataalamu walieleza kwamba mawe yaliyoyeyuka yalikuwa yakijipenyeza chini ya ardhi, chini ya Goma na chini ya ziwa lenyewe, yakiipasua miamba; na kila upasukaji ulileta tetemeko. Sauti yake ilikuwa nzito, ya chini mno, hata sikio likashuku kama limesikia. Kifua ndicho kilichosikia kwanza. Vikombe viligongana kabatini, kisha kuta zikayumba. Ilifanana na kilio cha msibani kisikikacho kutoka nyumba ya tatu: hujui ni nani aliyefariki, lakini unajua kwamba huko watu wanalia. Nyumba zilipata nyufa, nasi tukahamia uani kulala.

Jumatatu nilikuwa nimetoa zoezi dogo la kuandika, ili tupate kusahau hofu. Usiku mmoja wa juma lile nilikuwa nikiyapitia madaftari pale uani kwa mwanga wa tochi. Mama mmoja muuza nyanya, mtu mzima kunipita, alikuwa ameandika: "Kesho mlima ulilia." Nikakata kesho, nikaandika jana. Mwenyewe alikuwa ameketi mkekani karibu nami.

"Mwalimu, umelikata neno langu."

"Ndiyo, mama. Mlima umekwisha kulia. Basi ni jana."

"Umejuaje kwamba umekwisha?"

Kabla sijajibu, mvumo ulipita chini yetu. Ulipotulia, alisema polepole: "Mwaka 1977 nilikuwa msichana. Mwaka 2002 nilikuwa na mtoto mgongoni. Kila mara tuliambiwa yamepita."

Sikuwa na jibu. Nililitazama tena daftari. Kitenzi chake kilikuwa sahihi: ulilia. Aliuweka wakati mahali pale pale lugha yake inapouweka. Kisha nikaona jambo jingine lililoniaibisha kidogo. Kengele hulia, na mfiwa hulia. Sauti na machozi sisi huvipa neno moja. Sikumuuliza mama yule mlima wake ulitoa sauti au ulitoa machozi, kwa sababu lugha yangu hainidai kuchagua. Nami nilikuwa nimemdai yeye achague upande mmoja wa ejo.

Msinielewe vibaya. Sahihisho lilikuwa halali kisarufi, na mtihani ungelidai. Lakini tangu usiku ule nimebadili utaratibu wa kufundisha. Naanza na -li- na -ta-, ambazo mwanafunzi wa Kinyarwanda hana taabu nazo. Jana na kesho huja baadaye, nikieleza kwamba Kiswahili hupenda kuutaja wakati mara mbili, kama mtu afungaye mlango kwa kufuli kisha akauegemeza kiti.

Matetemeko yalipungua. Kabla ya mwaka ule kwisha, wekundu ulionekana tena usiku juu ya kilele. Januari 2025, mizinga ya vita vya Goma ilipovuma na makombora kuanguka hata upande wetu, sisi wa mtaani tulitoka nje tukautazama mlima kwanza.

Daftari lile ninalo; mama yule aliniachia. Chini ya sahihisho langu niliongeza baadaye, kwa kalamu ya rangi ya buluu, kwamba neno kesho ni ndugu wa neno kukesha. Hilo nalijua tangu utoto, ila maana yake niliipata pale mkekani.