Mtu wa Kepu na Mkewe Flo



Wapendwa wasomaji, juma hili naomba mnivumilie, maana nitaanza na kitabu ambacho si cha sala. Nilipokuwa padre kijana, katika nyumba ya mapadre ya parokia niliyotumwa, nilikuta rafu ya vitabu vilivyoachwa na mmisionari mzee Mwingereza aliyekwisha kurudi kwao. Katikati ya maisha ya watakatifu kulikuwa na kijitabu cha katuni, kurasa zake zimekuwa njano, juu ya jalada amechorwa mtu mfupi mwenye sigara mdomoni na kepu iliyomfunika macho. Jina lake Andy Capp. Nilizoea kukisoma nikila chakula cha jioni peke yangu, na nakiri kwamba nilicheka sana.

Aliyemchora aliitwa Reg Smythe. Alizaliwa mwaka 1917 huko Hartlepool, mji wa bandari na viwanda vya meli kaskazini mashariki mwa Uingereza. Baba yake alikuwa fundi wa mashua. Mama yake aliitwa Florence, na jina hilo tulishike, kwa sababu litarudi. Aliacha shule akiwa na umri wa miaka 14, akawa mtoto wa kutumwa katika bucha. Kisha kazi zikakosekana kabisa. Ilikuwa miaka ile ya 1930 ambapo wanaume wa miji ya aina hiyo walisimama pembeni mwa barabara mchana kutwa, mikono mifukoni. Mwaka 1936 akajiunga na jeshi, akatumikia miaka kumi hivi, na wakati wa vita alikuwa mpiga bombomu Afrika ya Kaskazini. Aliporudi uraiani akapata ukarani katika idara ya posta, na jioni akawa anachora katuni na kuziuza magazetini, mpaka akaithubutu kalamu imlishe.

Mwaka 1957 gazeti la Daily Mirror, alimokuwa akichora, lilitaka katuni ya kuwavuta wasomaji wa kaskazini. Inasimuliwa kwamba agizo lilimkuta akiwa Hartlepool kumtembelea mama yake, na kwamba katika safari ndefu ya gari kurudi London alimbuni Andy Capp na mkewe. Mke huyo alimpa jina la Florrie, kwa kifupi Flo. Katuni ya kwanza ilitoka tarehe 5 Agosti 1957 katika toleo la kaskazini. Mwaka uliofuata ikaingia katika matoleo yote.

Jina lenyewe lina mzaha. Watu wa kaskazini huimeza herufi ya kwanza ya maneno mengi, na kwa lafudhi yao “Andy Capp” husikika kama neno la Kiingereza linalomaanisha kizuizi, mzigo unaomrudisha mtu nyuma. Mzigo wa nani? Bila shaka wa Flo. Yeye husafisha nyumba za watu. Mumewe hulala kwenye kochi, hucheza kamari, hufuga njiwa, humkwepa mdai kodi, na jioni huenda baa kwa fedha za mkewe. Mchungaji wa mtaa humwonya bila mafanikio (hapo ndipo mimi nilipocheka zaidi, kwa sababu zinazoeleweka). Hata kepu haivui ndani ya nyumba. Smythe alieleza kwamba alipokuwa mtoto, kwenye mechi ya mpira, mvua ilianza kunyesha, na mtu aliyekuwa karibu naye akaivua kepu na kuificha ndani ya koti. Mtoto alipomshangaa, mtu yule alimjibu kwamba hakukusudia kukaa nyumbani usiku kucha na kepu iliyolowa!

Huo ndio ukweli uliomfikisha mbali. Wadeni walimwita Kasket Karl, Wajerumani Willi Wakker, Waswidi Tuffa Viktor. Magazeti ya makumi ya nchi yalimchapisha, maana kila mahali palikuwa na mtu aliyemtambua jirani yake.

Lakini katika kijitabu kile cha zamani kulikuwa na picha nyingine. Katika katuni za miaka ya mwanzo, Andy husimama na Flo yuko sakafuni, na ni wazi ameangushwa na nani. Hutoa neno la kuchekesha, basi, mkanda umekwisha. Ni kweli kwamba Flo naye hungoja nyuma ya mlango na mti wa kusukumia unga. Baadaye vipigo vilipungua mpaka vikaondoka, kama sigara ilivyoondoka mdomoni mwa Andy katika miaka ya 1980. Simhukumu Smythe. Nadhani alichora alichokiona mitaani kwao, na wasomaji wa wakati ule waliona ni mambo ya nyumbani. Hata kwetu wapo wanaosema hivyo. Wahenga walisema mzaha mzaha hutumbua usaha.

Mwaka 1976 alirudi kuishi Hartlepool, na huko alifariki mwaka 1998. Wachoraji wengine wameiendeleza kazi yake, na mwaka 2007 mji huo ulimsimamishia Andy sanamu ya shaba. Sijapata kuiona.

Ninachokikumbuka mimi ni asubuhi moja ofisini. Mama mmoja alikuja kuandikisha ubatizo wa mtoto, khanga ameivuta mpaka shavuni. Nilipomwuliza, alisema mumewe alirudi usiku amelewa, akauliza chakula, akakuta kimepoa. Alisimulia kwa kicheko, akimwigiza mumewe anavyoyumba na kofia imemwangukia usoni. Alikuwa hodari wa kuigiza. Nami nikacheka. Kisha khanga ikateleza, nikaona jicho, nikanyamaza. Yeye akaendelea kucheka peke yake kidogo, halafu naye akanyamaza.

Macho yake yakaenda mezani, kwenye kijitabu nilichokuwa nimekiacha wazi. Akauliza, “Baba, huyu ni nani?”

Nilikigeuza kifudifudi, nikamwomba aanze upya kunieleza, polepole, tangu mwanzo.