Layton na Johnstone, Kentish Town

Februari 1972 wachimbaji wa makaa ya mawe Uingereza walikuwa wamegoma, na umeme ukawa unakatwa kwa zamu, mtaa hadi mtaa. Sisi wanafunzi wa uuguzi tuliopanga Kentish Town, kaskazini mwa London, tulikuwa tukishuka kukaa na mama mwenye nyumba, Mwingereza mtu mzima. Alikuwa na mishumaa, jiko la gesi la kuchemshia chai, na gramafoni ya kukoroga kwa mkono.

Humo gizani ndipo nilipowasikia Layton na Johnstone. Sauti moja ya juu, laini. Nyingine nzito, ikiishika ile ya kwanza kwa chini. Na piano basi. Nimetoka Tanga, nimekulia kwenye taarabu ya Black Star, mwimbaji na kundi zima nyuma yake. Hawa walikuwa wawili tu, na kila neno lilisikika, hata kale kamzaha kanakotupiwa mwisho wa ubeti.

Walikuwa Wamarekani weusi. Turner Layton, mpiga piano, alizaliwa Washington mwaka 1894, mtoto wa mwalimu wa muziki, na mwaka 1918 alikuwa ameshatunga “After You've Gone” pamoja na Henry Creamer. Mwenzake alikuwa Clarence Johnstone. Walifika London mwaka 1924, wakaimba kwenye klabu ya Café de Paris kwa matajiri. Santuri zao za Columbia, “Bye Bye Blackbird” ikiwamo, hutajwa kuwa ziliuzwa zaidi ya milioni 10.

Mama yule alikuwa msichana wa duka la kofia wakati huo. Café de Paris asingeiweza. Aliwaona kwenye ukumbi wa burudani, viti vya juu kabisa vya bei rahisi. Alichokikumbuka ni suti zao nyeusi zilizonyooshwa na nyuso zao zisizopakwa kitu. Enzi hizo Wazungu walijipaka masizi na kuigiza Weusi ili watu wacheke. Hawa walichekesha kwa wimbo, heshima yao ikabaki palepale. Kwa hilo nawapenda mpaka leo.

Mwaka 1935 wakaachana. Johnstone alikuwa ametajwa katika kesi ya talaka ya Albert Sandler, mpiga fidla mashuhuri, na Uingereza iliyomshangilia ikamfungia milango. Alirudi New York, akafa fukara mwaka 1953. Naona alionewa: Mzungu angesamehewa baada ya msimu mmoja. Layton alibaki, akaendelea kuimba peke yake. Usiku ule tulipokuwa tukikoroga gramafoni alikuwa hai, mjini humohumo.

Umeme uliporudi, televisheni ya BBC iliendelea kuonyesha kipindi cha Wazungu waliojipaka weusi, wakiimba na kutabasamu. Mama alikuwa akikizima. Kilidumu hadi 1978, mwaka aliofariki Layton.